Karatasi ya Arobaini na Moja

Hasira hasara, husema watu ambao hawajawahi kuporwa. Dobe Shapnik alikuwa na hasira tangu utotoni, na kila kitu chema alichowahi kukipata, kuanzia cheti cha ualimu hadi dirisha la darasa lake lililokuwa na kioo kizima, alikipata kwa hasira hiyo hiyo. Kwa hiyo asubuhi ile ya Jumanne, alipoingia matbaa ya Reb Ozer, yaani Bwana Ozer, na kuikuta meza ya Zavl tupu, hakuanza kwa kulia.

"Zavl," alisema, "hadithi zangu ziko wapi?"

Zavl, mpangaji herufi, hakuinua kichwa. Aliendelea kuokota herufi za risasi moja moja kutoka kwenye visanduku vyake na kuzipanga kwenye kijiti cha chuma. Alikuwa mtu mwema, lakini wema wake ulikuwa wa kunong'ona.

"Mwalimu, kaa kwanza."

"Sikuja kukaa."

"Basi unywe hata chai."

"Zavl."

"Zimekwenda kuzikwa," Zavl alisema, na herufi moja ikamponyoka ikaanguka sakafuni. "Alfajiri Reb Kalmen wa sinagogi alikuja na mkokoteni wa magunia. Leo ndiyo siku yenyewe. Bosi aliziweka kwenye gunia kwa mkono wake."

Katika mji wa Vilna hakuna mtoto wa Kiyahudi asiyelijua hili: karatasi yenye Jina la Mungu haichomwi, haitupwi, haifungiwi samaki wa chumvi. Ikichakaa hutiwa kwenye gunia, na theluji inapoyeyuka magunia ya mji mzima hukokotwa hadi makaburini ng'ambo ya mto, yakazikwa kwa sala kama anavyozikwa mtu. Dobe alilijua kabla ya kujua kufunga kamba za viatu. Na alijua pia, wala hakuna aliyehitaji kumkumbusha, kwamba hadithi zake zote arobaini na moja zilikuwa na Jina la Mungu mgongoni.

Ilikuwa hivi. Matbaa ya Reb Ozer ilichapa vitabu vya sala. Kila chapa hutanguliwa na karatasi za majaribio, na zile zilizoharibika, upande mmoja zina sala iliyopinda au iliyomwagikiwa wino, upande wa pili ni nyeupe kama shuka ya Sabato. Miaka miwili nyuma Zavl alipita shuleni kwa Dobe akawakuta watoto wakiandika kwenye makaratasi ya sukari. Wiki iliyofuata akaja na bunda chini ya koti. "Usimwambie mtu," alisema. Dobe aliyageuza, akaona sala, akajua kwamba mahali pake ni kwenye gunia la Reb Kalmen. Akayapokea. Karatasi ilikuwa adimu, na watoto walikuwa na maneno.

Basi kila baada ya wiki mbili, Ijumaa asubuhi, mtoto mmoja alisimama mbele ya darasa akasimulia, na Dobe akaandika: hadithi moja, karatasi moja. Hazikuwa hadithi za watu wazima za kuwafundisha watoto kunawa mikono. Zilikuwa zile wanazosimuliana wenyewe wakiwa peke yao, za mbuzi anayekwenda kumshitaki mchinjaji kwa rabi, za mdaiwa aliyejificha ndani ya tuba, lile tarumbeta kubwa, mpaka akawa vifungo vyake. Aliziandika kwa Kiyidi, lugha ile ile waliyobembelezewa na kugombezewa. Hakuweka nakala. Nakala kwenye karatasi gani?

Na ya mwisho, ya arobaini na moja, ilikuwa ya Shifke.

Shifke alikuwa na miaka tisa na alikaa na mama yake, mfua nguo, kwenye chumba cha chini ya ardhi kilichokuwa na dirisha la kuonea viatu vya wapita njia. Alisimulia Ijumaa moja ya Januari, akikohoa kila sentensi ya tatu. Februari hakuwepo tena duniani. Mama yake hakuwa na picha yake hata moja, maana nani katika jumba lile aliwahi kwenda kwa mpiga picha? Alichokuwa nacho ni ahadi ya Dobe. Kila Ijumaa, mkesha wa Sabato, alisimama mlangoni kwa Dobe, mikono imevimba kwa maji ya sabuni, akauliza swali lile lile: "Kitabu cha Shifke kinatoka lini, Mwalimu?" Wiki iliyopita Dobe alimjibu kwamba kimeshafika matbaa. Alilisema hilo akicheka, mjinga yeye.

Sasa hakubisha hodi. Aliufungua mlango wa ofisi ya Reb Ozer akaenda kusimama mbele ya meza.

Reb Ozer, mwenye matbaa, alikuwa anavaa koti lake zuri jeusi. Alikuwa mtu mnene, safi, mwenye ndevu zilizochanwa kwa uangalifu. Kama wengi waliosoma katika mji ule, aliongea Kiyidi tangu anapofumbua jicho mpaka anapolifumba, lakini ukimpa kitabu cha Kiyidi alikishika kama anayeshika soksi ya mtu mwingine. Alikubali kukichapa kile cha watoto kwa sababu kamati ya wazazi ilimsumbua hadi sinagogi, wanawake wakimngoja kwenye ngazi.

"Najua umekuja na nini," alisema. "Kabla hujapasua dari, nisikilize. Jana jioni nilichukua lile bunda kulipitia. Upande mmoja Muumba wa ulimwengu, upande wa pili mbuzi anakwenda mahakamani. Wewe ungekuwa mimi ungefanya nini?"

"Ningeuliza. Shule iko mtaa wa pili, Reb Ozer. Hata mbuzi angefika."

"Niulize nini? Jina ni Jina."

"Ulizisoma?"

"Niligeuza karatasi ya juu tu. Nikaliona Jina, nikafunga kamba, basi. Nina matbaa ya kuendesha, mama. Sina muda wa kusoma majiko yanayopanda ngazi." Akafunga kifungo cha kola. "Na ushukuru sikuuliza nani aliyekupa karatasi zangu."

Kule nje, herufi za Zavl ziliacha kugongana.

"Zilikuwa kazi ya miaka miwili," Dobe alisema. "Ya watoto thelathini na watatu."

"Watoto watasimulia nyingine. Watoto na wanawake hawajawahi kuishiwa hadithi." Alisema kwa upole, na upole ule ndio uliomchoma. Angemtukana ingekuwa nafuu. "Zaidi ya hapo, hadithi zao zimepata heshima ambayo hata mimi sitaipata, kuzikwa pamoja na Torati. Umeona wapi hadithi za mbuzi zikipewa maziko?"

"Ndiyo kusema ili mtuheshimu ni mpaka tuwe chini ya udongo," Dobe alisema, akatoka. Mlango hakuufunga; aliuacha wazi, upepo ufanye kazi yake kwenye makaratasi ya mezani.

Alipita shuleni. Darasa lake lilikuwa chini ya mwalimu wa jirani, ambaye alikuwa amesimama mlangoni, mguu mmoja huku na mwingine kule, akijaribu kuwanyamazisha watoto wa madarasa mawili kwa mara moja.

"Chukueni penseli," Dobe aliwaambia. "Na madaftari ya hesabu."

"Tunakwenda wapi, Mwalimu?" aliuliza Temke, binti wa mtengeneza brashi, ambaye hadithi yake ilikuwa ya kumi na saba na hakuacha mtu asahau.

"Makaburini. Hadithi zenu zinazikwa. Wenye mali mkazione kwa macho yenu."

Hakuwa na mpango wowote, tusidanganyane. Penseli alizitaja kwa mazoea ya mwalimu. Alichotaka ni kuwapanga watoto wale mbele ya wazee na kuwaaibisha wazee. Walivuka daraja wawili wawili, mto umejaa maji ya theluji, na Dobe mbele akitembea kwa kasi mpaka wadogo wakawa wanakimbia.

Makaburini shimo lilikuwa tayari, kando ya kaburi la rabi wa zamani ambaye jina lake lilikuwa limeliwa na kuvu. Wanaume kama arobaini walilizunguka wakiwa na makoti ya Sabato, maana kubeba gunia la namna ile ni thawabu na watu huigombania. Reb Ozer alikuwa ameshafika kwa gari la farasi. Reb Kalmen, mtunza sinagogi, kizee kifupi chenye matope hadi magotini, alikuwa ameshika sepetu. Magunia mawili yalikuwa yameshashuka shimoni. Sita yalikuwa bado juu.

"Simamisheni," Dobe alisema.

Wakamgeukia. Mmoja akasema, "Nani amewaleta watoto kwenye tope hili?" Mwingine akasema, "Ni yule wa shule ya wasiosali, si unamwona alivyovaa," kwa sauti ya kunong'ona inayokusudiwa kusikika.

"Reb Kalmen, kuna gunia limetoka matbaa ya Reb Ozer. Ndani yake mna bunda langu. Nalitaka."

Reb Kalmen alimtazama, kisha akamtazama Reb Ozer, ambaye alitikisa kichwa kwa huzuni, kama daktari.

"Binti yangu," Reb Kalmen alisema, "nijibu jambo moja tu. Juu ya karatasi hizo kuna Jina au hakuna?"

"Lipo. Upande wa pili."

"Basi umekwisha kujijibu. Siwezi kukurudishia. Wala huyu hawezi, wala rabi hawezi. Kwa nini uliandika juu yake?"

Hilo ndilo swali alilokuwa akilikimbia tangu asubuhi. Uso ulimwaka.

"Kwa sababu sikuwa na nyingine," alisema. "Nilikosea, na nilijua ninakosea, na kesho ningefanya tena. Sasa mimi nikuulize, Reb Kalmen. Wewe unazika vitabu vya namna gani?"

"Vilivyochakaa."

"Vimechakazwa na nini?"

"Na mikono. Na machozi ya watu. Na miaka."

"Basi fungua gunia, unionyeshe mkono uliochakaza kitabu changu. Hakuna mtoto aliyekisoma. Hakuna mtoto aliyekimwagia chai wala aliyekichana. Hakijawahi kufunguliwa, Reb Kalmen. Wewe mtu mzima, umezika wafu maisha yako yote, leo unataka kuzika aliye hai?"

Mtu mmoja nyuma akasema, "Ulimi huo," lakini hakuna aliyecheka naye. Reb Kalmen alichomeka sepetu kwenye tope, akajiegemeza juu yake.

"Karatasi zitazikwa," alisema mwishowe. "Hilo halina mjadala. Lakini sijaona popote panaposema kwamba maiti akiwa bado juu ya ardhi, watu hawaruhusiwi kumtazama. Jua likiwa bado lipo, mimi sina haraka. Mna penseli?"

Hapo ndipo Dobe alipogeuka akawaona watoto wake wameshika penseli.

Gunia lilifunguliwa. Bunda likatoka, kamba ya Reb Ozer bado imekazwa, fundo la mtu anayejua kazi yake. Dobe aligawa. Kila mtoto alipewa hadithi, kwanza wenye hadithi zao, na wenye mwandiko mzuri wakaongezewa ya pili. Waliketi juu ya mawe ya makaburi na juu ya magunia, wakafungua madaftari ya hesabu, yale ambayo waliapishwa wasiharibu hata ukurasa, wakaanza kunakili kati ya jedwali la saba na jedwali la nane. Wazee arobaini wenye makoti mazuri wakabaki wamesimama kwenye upepo, wakingoja watoto wamalize. Hasira ya Dobe ilipata joto kidogo kwa kuwatazama, asiwe mnafiki.

Temke ndiye aliyehesabu, kwa kuwa Temke alihesabu kila kitu.

"Ni arobaini, Mwalimu."

"Arobaini na moja."

"Arobaini. Ya Shifke haipo."

Walipekua gunia lote. Walitoa kurasa za sala, majalada bila vitabu, kamba za ngozi zilizokatika. Dobe alipiga magoti kwenye tope akapekua kwa mikono yake tena na tena, na moyoni alimwona mama yake Shifke amesimama mlangoni Ijumaa, mikono imevimba, akiuliza. Afadhali zingepotea zote arobaini. Watoto thelathini na wawili wangeweza kusimulia tena. Mmoja hangeweza.

Kisha akaacha kupekua. Alibaki pale pale magotini, mkono mmoja ndani ya gunia.

Majiko yanayopanda ngazi.

Mtu aliyegeuza karatasi ya juu tu, ya mbuzi na mchinjaji, akafunga kamba, alijuaje habari za jiko la karatasi ya mwisho?

Alisimama. Alitembea moja kwa moja hadi kwa Reb Ozer, na watu wakampisha bila kujua kwa nini.

"Itoe," alisema.

"Nini?"

"Itoe mwenyewe, Reb Ozer. Nikikuvua koti mimi mbele ya watu hawa, aibu itakuwa yako, maana mimi wameshaniona sina."

Rangi ilimtoka usoni ikaacha ndevu peke yake. Akaingiza mkono ndani ya koti zuri jeusi, upande wa moyo, akatoa karatasi iliyokunjwa mara nne. Mikunjo ilikuwa imeshaanza kulainika.

Mnong'ono ulipita kwa wazee. Reb Kalmen alisema, "Ozer," basi, jina tu, bila heshima mbele yake.

"Mjukuu wangu ana homa," Reb Ozer alisema. Aliongea chini, na kwa Kiyidi cha nyumbani, kile asichokitumia na wateja. "Ana miaka minne. Halali. Jana nilimsomea hii akalala. Asubuhi akaamka akasema, Babu, lile jiko. Alitaka nimsomee tena leo."

"Kwa hiyo uliisoma."

"Niliisoma."

"Ulizisoma zote."

Reb Ozer aliinamia karatasi mkononi mwake.

"Ulizisoma zote arobaini na moja," Dobe alisema. "Ukacheka, ukapenda, ukachagua moja ya kumponya wa kwako, na za watu wengine ukazipeleka kaburini. Kwa watoto wangu Jina ni Jina. Kwa mjukuu wako lilikunjwa likatiwa mfukoni. Huyu aliyesimulia naye alikuwa na homa, Reb Ozer. Alikuwa na homa anasimulia."

"Sikujua."

"Hukuuliza."

Alimnyang'anya Temke daftari na penseli, akaketi juu ya gunia, akalifungua kwenye jedwali la tisa.

"Soma," alisema.

"Hapa?"

"Hapa. Kwa sauti ile unayosomea sala. Mimi naandika."

Reb Ozer alimtazama Reb Kalmen, lakini Reb Kalmen alikuwa anatazama sepetu. Basi mwenye matbaa akaikunjua karatasi, akaishika mbali kidogo na macho, akasoma kwa sauti mbele ya wanaume arobaini:

"Kulikuwa na jiko kwenye nyumba ya chini ya ardhi. Lilikuwa na miguu minne na halikuwa na kuni. Siku moja likasema, mimi singoji tena. Likapanda ngazi likaenda kwa mwenye kuni, likagonga. Mwenye kuni akasema, nani? Jiko likasema, ni mimi, sijala tangu Sikukuu ya Taa. Mwenye kuni akasema, majiko hayali, watu ndio wanaokula. Jiko likasema, basi njoo uwaambie kwetu, maana wao wanadhani nina njaa."

Hapo alikohoa. Hakuna aliyemsaidia.

"Mwenye kuni akavaa koti lake la manyoya akaenda kuwaambia. Akashuka ngazi ya kwanza akafunga kifungo. Akashuka ya pili akafunga kifungo. Akashuka zote, vifungo vikaisha, na baridi ikawa bado ipo. Akasimama pale katikati ya watu, akasahau alichokuja kusema."

Dobe aliandika neno la mwisho, akaweka nukta. Alisoma yote tangu mwanzo, kimoyomoyo, kuhakikisha. Kisha akanyoosha mkono, akaichukua karatasi kwenye vidole vya Reb Ozer, akampa Reb Kalmen aiweke pamoja na wenzake. Zile nyingine zilikuwa zinarudi moja moja kutoka kwa watoto, zenye alama za vidole vya matope, angalau hizo sasa zilikuwa zimeshikwa.

"Nitakichapa," Reb Ozer alisema. "Kabla ya kazi yoyote. Zavl ataanza kesho."

"Utakichapa. Na Zavl hutamgusa."

"Sitamgusa." Alifunga koti. "Mwalimu, mjukuu wangu. Leo jioni ataniuliza. Niruhusu niandike hata nakala."

Dobe alimtazama. Angependa kusema kwamba alimhurumia, lakini alichokiona mbele yake ni fundo la kamba, lile lililokazwa vizuri.

"Msimulie kwa kichwa," alisema. "Shifke naye hakuwa na karatasi, alinisimulia kwa kichwa. Ukisahau mahali, mjukuu wako atakukumbusha. Watoto hawasahau."

Bunda liliteremshwa. Reb Kalmen alisema sala, wazee wakaitikia, na kila mmoja akatupa udongo kwa sepetu. Dobe naye alishika sepetu bila kuomba ruhusa, akatupa udongo mara tatu. Kisha akachana kutoka kwenye daftari la Temke ukurasa wa jedwali la tisa, akaukunja, akauweka mfukoni, akawarudisha watoto darajani wawili wawili. Ilikuwa Jumanne. Hakungoja Ijumaa, aliwafikisha shuleni, akateremka mwenyewe hadi kwenye chumba cha chini ya ardhi, akagonga, na mama yake Shifke alipofungua, Dobe alikuwa bado ana hasira, hata akasahau alichokuja kusema.